Filamu fupi ya mzazi ndani ya arobaini: mtoto mchanga anashutiwaje, na nyumba nzima iaminike vipi?

mswada_mezani

Habari za leo wakuu. Nina mswada wa filamu fupi, kurasa 14, unaofanyika Tanga mjini ndani ya nyumba moja yenye vyumba vitatu na ua. Mhusika mkuu ni Mwanaidi, miaka 24, uzazi wa kwanza. Kwa desturi angekwenda kujifungulia kwao, lakini mama yake anaugua yuko Muheza, kwa hiyo arobaini anaikalia ukweni. Wanaomlea ni mama mkwe na wifi mmoja ambaye hajaolewa. Mume anafanya kazi bandarini. Hakuna anayepigwa, hakuna anayefukuzwa. Ninachotaka kionekane ni Mwanaidi anavyozidi kuwa mbali na mwanawe huku nyumba nzima ikiamini mambo yako sawa, mpaka mama mkwe anapokuja kugundua.

Nina siku 5 za kushuti, kamera moja, watu 7. Naomba mnisaidie: mtoto mchanga anashutiwaje bila kumtesa na bila siku nzima kupotea? Mwigizaji ambaye hajawahi kuzaa afanye nini mwili wake uaminike? Na hali ya Mwanaidi niionyesheje isiwe kilio mwanzo hadi mwisho? Makosa ambayo mwanamke aliyezaa akiyaona tu anaacha kutazama, nitajieni yote.

mkunga_wa_zamu

Kabla ya kamera, chukua karatasi uchore siku 40, kila onyesho ulipe siku yake: siku ya 2, ya 4, ya 11, ya 22. Aliyezaa anaisoma filamu kwa siku hata kama mswada haukuzitaja. Mzazi wa siku ya tatu akiinuka kitandani kama mtu aliyejipumzisha mchana, mtazamaji huyo umeshampoteza.

Amua kwanza kajifunguaje, maana mwendo wote unatokana na hapo. Kama ni njia ya kawaida na ameshonwa, haketi wima kwenye kiti kigumu. Anaegemea tako moja, anashuka taratibu akiwa ameshika kitu, na mlangoni mwa choo anasita kwa sababu mkojo unamchoma. Kama ni upasuaji, kuinuka kuna hatua zake: anageuka ubavu, anashusha miguu, ndipo anajisukuma kwa kiwiko. Akikohoa au akicheka anabana chini ya tumbo kwa kiganja au mto. Anatembea ameinama kidogo, na ndoo hainyanyui. Mzigo wake mkubwa ni mtoto tu. Waigizaji wengi hushika kiuno kwa nyuma wakidhani ndiyo alama ya uchungu wa uzazi. Hiyo ni ya mwenye mimba, na mimba imeshatoka.

Tumbo haliondoki na mtoto. Siku ya kwanza mji wa mimba uko usawa wa kitovu, na kwa nje anaonekana kama mwenye mimba ya miezi mitano. Unashuka karibu sentimita 1 kwa siku, na kati ya siku ya 10 na ya 14 haushikiki tena juu ya kinena, ingawa ngozi na misuli huchelewa zaidi. Shoneni matumbo mawili ya pamba laini, kubwa la wiki ya kwanza na dogo la kuanzia wiki ya tatu, na yalegee. Tumbo gumu la mviringo ni la mjamzito.

Maziwa: mwanzo ni dang'a, ya manjano, kidogo kidogo. Kati ya siku ya 2 na ya 4 maziwa hujaa. Matiti huwa mazito na ya moto hata mikono haitulii ubavuni. Mtoto hunyonya mara 8 hadi 12 kwa saa 24, usiku ukiwemo, na ndiyo maana usingizi wa mzazi hukatika vipande vipande. Damu ni nyekundu siku 3 au 4, inaelekea rangi ya waridi na hudhurungi mpaka karibu siku ya 10, halafu inakuwa majimaji ya njano kwa wiki kadhaa. Si lazima uionyeshe, lakini beseni lililofunikwa bafuni na vitambaa vilivyoanikwa chini ya kanga kwenye kamba ya uani vinasema kila kitu.

Kwa mtoto: kitovu chenye kibanio hukauka na kuwa cheusi, kisha hukatika kati ya siku ya 5 na ya 15. Analia bila machozi wiki za mwanzo, kwa hiyo usimpake machozi. Shingo haijikazi, na mwanya kati ya uso wake na anachokiona vizuri ni sentimita 20 hadi 30 tu. Chanjo ya BCG, ya kukinga kifua kikuu, kwetu Tanzania hupigwa bega la kulia (Kenya hupigwa mkono wa kushoto, chini ya kiwiko), na kipele chake hujitokeza wiki kadhaa baadaye. Ukimvua nguo siku ya 35, bega la kulia lisiwe safi kama la siku ya kwanza. Na kama familia ya Mwanaidi inafanya akika siku ya 7, nywele zimenyolewa; baada ya hapo mtoto mwenye nywele nyingi hawezi kuonekana. Tafuta mtoto ambaye kwao wameshamnyoa, na maonyesho ya kabla ya siku ya 7 umvalishe kofia. Usimnyoe mtoto wa watu kwa ajili ya filamu.

Sasa angalia kalenda hiyo pamoja na sheria ya kazi. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inampa mama siku 84 za likizo ya uzazi, 100 akizaa zaidi ya mmoja, na baba siku 3 ambazo lazima azichukue ndani ya siku 7 tangu mtoto azaliwe. Mume wa Mwanaidi akizichukua mara moja, anarudi bandarini siku ya 4: maziwa yamejaa, na ule unyonge wa siku za mwanzo uko kileleni. Mambo matatu yanakutana asubuhi moja bila wewe kuyalazimisha.

fokasi_50

Kwa kushuti mtoto, azima kipimo cha jimbo la California, Marekani, kwa sababu kanuni zao zimeandikwa kwa dakika. Chini ya siku 15 mtoto haingii kabisa. Kuanzia siku 15 hadi miezi 6 anakaa eneo la kazi saa 2 kwa siku, na ndani ya hizo kazi yenyewe ni dakika 20. Mwanga haumkai zaidi ya sekunde 30 mfululizo, wala hauzidi laksi (kipimo cha mwanga unaofika mahali) 1,080 hivi. Daktari huthibitisha kwa maandishi kwamba alizaliwa miezi imetimia na uzito unatosha, na muuguzi anakuwepo muda wote. Tanga hakuna atakayekuja na saa kukupima, lakini ukijiwekea mipaka hiyo, mama wa mtoto atakuamini na siku yako itakuwa na mpangilio.

Laksi 1,080 zisikutishe. Kwa ISO 800, lenzi f/2.8, fremu 25 na shata 1/50 unahitaji kama laksi 135, yaani sehemu ya nane tu. Dirisha lenye shuka jeupe linatosha mchana. Usiku, balbu ndogo ya LED ielekezwe darini au ukutani, isimlenge mtoto. Kaa kwenye 1/50, maana umeme wetu ni hezi 50. Ukienda 1/60 balbu za bei nafuu zitaleta mistari inayotembea kwenye picha na huwezi kuifuta kwenye kuhariri.

Dakika 20 zinatoa shoti nne au tano. Zichague zile ambazo mdoli hawezi: mtoto anavyokamata kidole kikiguswa kiganjani, mdomo unavyotafuta titi shavu likiguswa, kisogo na sikio vikiwa kifuani mwa mama, unyayo. Kila kitu kingine ni mdoli. Kumbeba mtoto uani, kumpokeza wifi, kumlaza, shoti pana zote, zote mdoli.

Mdoli unaofaa una urefu wa sentimita 50 na uzito wa kilo 3 hadi 3.2. Mdoli wa dukani hauna uzito, na mkono wa mwigizaji unasema kweli papo hapo: anaunyanyua kama mto. Upasueni mgongoni, jazeni vifuko vya mchanga uliokaushwa: gramu 600 hadi 700 kichwani, kilo 1.5 kwenye makalio na kiuno, iliyobaki mgongoni. Shingo ishoneni ilegee kabisa, kichwa kianguke nyuma kisiposhikwa. Hapo mwigizaji hatahitaji kukumbushwa ashike shingo; mkono utakwenda wenyewe. Kwa mazoezi, wiki mbili kabla, mpe Mwanaidi, mama mkwe na wifi mfuko wa mchele wa kilo 3 uliofungwa kanga, wapike nao, wafungue mlango nao, wapokezane nao. Mama mkwe awe mwepesi zaidi ya Mwanaidi. Mtazamaji aone tofauti ya mikono kabla hajasikia neno.

Utaratibu wa siku: kila shoti ya mtoto panga kwanza kwa mdoli, fokasi ipimwe, mwanga umalizike, watu wasiohitajika watoke. Wabaki wanne: kamera, sauti, mwongozaji, mama wa mtoto. Mtoto aingie mwisho. Shoti za usingizi zifanye baada ya kunyonya. Za macho wazi zifanye akiamka na kubadilishwa nepi. Ukipata pacha utapata dakika 20 mara mbili, lakini wapime masikio na nywele mbele ya kamera kwanza, maana pacha wengi wanatofautiana hapo.

Lenzi ndefu kidogo, ya milimita 85, ukiwa mita 2, inakupa uso bila kamera kumkaribia. Shusha miguu ya kamera hadi usawa wa kitanda, sentimita 50 au 60. Ukimshuti mzazi kwa juu unamfanya mgonjwa wa wodini.

Kunyonyesha: tumia mikono na kifua cha mama halisi wa mtoto kwa shoti ya karibu, kanga ileile na pete ileile, halafu ukate kwenye uso wa Mwanaidi. Mwigizaji ajue jambo moja: mtoto ndiye anayeletwa kwenye titi. Akiinamia mtoto kama anayempa chupa, kila mama atajua. Mdomo unafunguka wazi, kidevu kinagusa titi, mdomo wa chini unageukia nje.

Mwenye kikohozi au mafua asikanyage chumba hicho siku hiyo, hata kama ndiye mwongozaji. Feni isimwelekee mtoto. Kibali cha Bodi ya Filamu Tanzania kishughulikie mapema, na kando yake andika ridhaa ya wazazi wote wawili, yenye mstari unaosema mama anaweza kusimamisha kazi wakati wowote bila kutoa sababu.

mtu_wa_bumu

Naongeza upande wa sauti tu.

Kilio usikirekodi kwenye shoti. Mtoto hafinywi, hanyimwi titi, haachwi na njaa ili alie. Atalia mwenyewe akibadilishwa nepi. Mwachie mama rekoda mezani, mita 1 hadi 1.5, na urekodi dakika hizo. Kilio cha mchanga ni kikali na kina sauti ya juu, hezi 400 hadi 600 hivi, na maikrofoni iliyopimwa kwa mazungumzo itapasuka. Rekodi njia mbili, moja ikiwa chini kwa desibeli 12, au tumia rekoda ya biti 32. Kusanya namna tatu: kile cha njaa kinachopanda taratibu, kile kikali cha ghafla, na ule mguno wa kabla ya kulia. Huo mguno ndio wa thamani kuliko vyote kwa hadithi yako, kwa sababu mama aliye sawa anaamka kwa mguno, hasubiri kilio.

Tanga kuna kunguru, bodaboda na adhana. Andika saa za swala kwenye ratiba. Nusu ya mazungumzo ikiwa na adhana kwa mbali na nusu nyingine haina, hakuna mhariri atakayeificha. Onyesho la alfajiri likiwa na adhana, iwe onyesho zima. Rekodi sekunde 60 za ukimya wa kila chumba, feni ikiwa imezimwa, kisha nyingine ikiwaka.

Na kanga: kanga mpya ina ugumu wa kiwandani, inalia kama karatasi chini ya maikrofoni. Ifueni mara tatu, isipigwe pasi.

mswada_mezani

Nashukuru sana, wakuu. Kalenda nimeshaibandika ukutani. Mwanaidi amejifungua kawaida, ameshonwa. Bado nimekwama kwenye moyo wa filamu. Mama mkwe nimemwandika kama mtu mkali kidogo: anampa mtoto maji kwa kijiko, anafukiza udi chumbani, anamkanda Mwanaidi kwa maji ya moto. Nahisi anakuwa adui na sitaki hivyo. Na Mwanaidi bado analia katika maonyesho matano kati ya kumi na moja.

kanga_na_kisa

Futa vilio vinne. Kibaki kimoja, cha siku ya 4, na kiwe cha kawaida kabisa, kwa sababu ya kitu kidogo kama uji uliopoa. Baada ya hapo asilie tena. Kinachotisha ndani ya nyumba kama hiyo ni mzazi anayefanya kila kitu sawasawa: ananyonyesha kwa saa, anakunja nepi, anaitika "Abee mama", anakunywa uji wa pilipili manga mpaka chini. Ndiyo maana hakuna anayeona.

Mtego wako ni muda. Mtoto anaguna, pima Mwanaidi anachelewa sekunde ngapi. Siku ya 5, sekunde 2, ameshasimama. Siku ya 12, sekunde 9, kakaa ukingoni mwa kitanda mkono ukiwa juu ya neti. Siku ya 20, sekunde 25: anaendelea kukunja kanga, pembe kwa pembe, anailainisha kwa kiganja, anaiweka juu ya nyingine, na hatua za mama mkwe zinasikika koridoni kabla hajageuka. Shoti hiyo ya tatu usiikate. Mhariri atakuomba aifupishe, mkatalie. Mwigizaji ahesabu kimoyomoyo, na umwambie asiigize huzuni. Ana kazi ya kukunja kanga tu.

Mtego wa pili ni lugha, na Kiswahili kimekuwekea tayari. Siku ya 2 anasema "mwanangu". Siku ya 9 anasema "mtoto". Siku ya 18 anamwambia wifi yake, "Mtoto wenu ameamka." Usilieleze neno hilo, wala wifi asilishtukie. Na usimtie Mwanaidi neno "sonona", yaani ugonjwa wa huzuni isiyoisha, mdomoni. Wanawake husema wana mawazo, moyo unawaenda mbio, mwili hauna nguvu, usingizi hauji hata mtoto akilala. Jina la ugonjwa lisemwe kliniki, kama utafika huko.

Mama mkwe. Kila anachofanya kipe sababu yake ndani ya picha. Maji ya kijiko: Tanga ni joto, mtoto midomo imekauka, na yeye amelea wanne hivyohivyo. Siku hizi kliniki inasema miezi 6 ya maziwa ya mama peke yake, na wifi anaweza kulisema hilo kwa adabu. Mama mkwe akanyamaza, akaweka kijiko chini, basi. Asiyeweza kukosea hawezi kuwa mtu, na anayeweka kijiko chini hawezi kuwa adui.

Kukanda ndilo onyesho lako kubwa, na umeliandika kwa mstari mmoja. Ndilo pekee ambapo mtu anamgusa Mwanaidi kwa ajili yake mwenyewe, si kwa ajili ya mtoto. Lifanye mara mbili. Siku ya 6: sufuria, taulo linakamuliwa, mama mkwe analipima kwa mgongo wa mkono, analiweka juu ya kiuno. Mwanaidi anaruka: "Moto, mama!" Wanacheka wote wawili. Siku ya 22: sufuria ileile, taulo lileile, mkono uleule unapima haraka haraka kwa sababu ya mazoea. Taulo linawekwa. Mwanaidi kimya. Mama mkwe anaendelea kuzungumza habari za jirani, halafu sauti inapungua. Ananyanyua taulo, anaiona ngozi ilivyokuwa nyekundu, anamwangalia usoni. "Mwanangu, mbona husemi?" Huko ndiko kugundua, na neno "mwanangu" lililopotea kwa Mwanaidi linarudi likiwa limetoka kinywani mwa mkwe.

Mume naye asiwe mzembe. Kuna imani ya kubemenda: baba akimkaribia mama anayenyonyesha, mtoto atadhoofika. Kwa hiyo amehamia chumba cha nje kwa heshima ya mila na kwa kumpenda mwanawe, na ndiyo maana usiku Mwanaidi yuko peke yake. Wanazungumza kwa kupitia dirisha. Onyesho la dirisha moja linatosha, dakika moja na nusu.

La mwisho, kanga zinasomeka. Mtazamaji wa Kiswahili atasoma jina la kanga kabla hajasikia maneno, kwa hiyo wifi akivaa yenye kijembe umeanzisha ugomvi usioutaka. Mama mkwe mpe "Uchungu wa mwana aujuaye mzazi", lakini maandishi yaonekane nusu tu mpaka siku ya 22, anapoinama na pindo likajinyoosha. Mwanaidi avae zilizofifia maandishi. Doti moja ni vipande viwili vya kama sentimita 150 kwa 110. Nunua doti mbili za kila moja, maana maji ya kukandia na madoa ya maziwa yatakulazimisha kurudia teki.

mkunga_wa_zamu

Onyesho la taulo ni zuri na ni la kweli, ila lishutiwe kwa usalama. Maji ya kwenye seti yawe vuguvugu, nyuzi 37 au 38. Wekundu wa ngozi ni kazi ya mpambaji. Mvuke hauonekani vizuri kwenye hewa ya joto, kwa hiyo fanyeni alfajiri, nyuma kuwe na giza na mwanga utokee nyuma ya sufuria. Birika linalochemka likae mbali, nje ya fremu. Udi hivyohivyo: chetezo kishutiwe peke yake, mtoto akiwa nyumba nyingine, na harufu iishe kabla hajaingia. Koroboi iwe ya betri. Mtoto asipakwe chochote zaidi ya mafuta anayoyatumia kwao, na asali isimkaribie kabisa mdomoni, kwa sababu chini ya mwaka mmoja inaweza kumletea sumu ya botulizimu.

Kuhusu hali yenyewe, tenganisha mambo matatu. Unyonge wa siku za mwanzo huwapata wazazi walio wengi. Unaanza siku ya 2 au 3 na kuisha ndani ya wiki 2. Hicho ni kilio chako cha siku ya 4. Sonona ni inayoendelea kupita hapo: Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba katika nchi zinazoendelea asilimia 19.8 ya waliojifungua hupata tatizo la afya ya akili, hasa sonona. Mwanaidi wa siku ya 20 yuko hapa. Cha tatu ni kuchanganyikiwa akili, kusikia sauti, kuamini mambo yasiyokuwepo. Huwapata mmoja au wawili kati ya 1,000, mara nyingi ndani ya wiki 2 za kwanza, na ni dharura ya kumkimbiza hospitali usiku huohuo. Usichukue dalili ya hili la tatu, kama sauti za usiku, ukaitia kwa Mwanaidi ili kunogesha. Utawafundisha watu kuogopa mzazi mwenye mawazo badala ya kumsogelea.

Mwigizaji asome maswali 10 ya kipimo cha Edinburgh cha kutambua sonona ya waliojifungua, kilichotolewa 1987 na kinachotumika kliniki hadi leo. Yanauliza kuhusu siku 7 zilizopita, kwa maneno ya kawaida: kucheka, kutazamia jambo kwa furaha, kujilaumu, kulala. Ayajibu akiwa Mwanaidi wa siku ya 5, kisha wa siku ya 20. Tofauti ya majibu ndiyo kazi yake. Na kama amewahi kupitia hali hiyo mwenyewe, muulizeni faragha kabla ya kumpa mkataba.

Halafu kuna zawadi kwenye kalenda hamjaitumia. Tabasamu la kwanza la kumjibu mtu huja karibu wiki ya 6. Siku 42. Arobaini ikitoka, mtoto anaanza kucheka na watu.

mswada_mezani

Hilo la tabasamu limenipa mwisho. Nilikuwa namalizia na wageni na pilau. Lakini mtoto niliyempata atakuwa na wiki 3 siku za kushuti. Tabasamu nitalitoa wapi?

fokasi_50

Usilitafute kwa mtoto mwingine. Shuti siku 4 sasa, siku ya 5 uigawe: nusu yake iwekwe wiki 5 baadaye, mtoto huyohuyo akiwa na wiki 8. Mwambie mama wake tangu leo, aiandike kwenye ridhaa. Kanga za siku ya 40 zikunjwe, zifungwe kwenye mfuko na zisifuliwe. Piga picha za chumba kutoka pembe nne, dirisha likiwa na saa yake, na urudi saa ileile. Msuko wa nywele wa Mwanaidi uwe wa kurudika, mabutu au mkeka wa mistari sita. Mtoto atakuwa ameongezeka, labda kilo moja na zaidi. Kwenye hadithi mmeruka kutoka siku ya 22 hadi ya 40, kwa hiyo itakubalika.

Siku hiyo njooni watatu tu. Mtoto awe ameamka, ameshiba, nepi kavu, na asubuhi ndiyo nzuri zaidi. Mwanaidi ampakate, kamera iwe nyuma ya bega lake la kushoto, lenzi 50. Mama halisi apige magoti nyuma ya bega hilohilo, uso wake ukaribie kadiri fremu inavyoruhusu, aongee na mwanawe kama anavyoongea naye kila siku. Sauti yake tutaitoa baadaye. Mtoto atamtabasamia mama yake. Kwenye picha, macho yatakuwa yanamwangalia Mwanaidi. Acha kamera iendelee baada ya tabasamu, kwa sababu utamhitaji mwigizaji katika sekunde anayoliona.